Shajara ya Pajero: mnyororo wa transfa kabla ya Idd

Gari ni Pajero ya 1996, injini ya dizeli 4M40 ya lita 2.8, giaboksi ya mkono, fo-wili ya Super Select. Transfa ni boksi lililo nyuma ya giaboksi, linalogawa nguvu kwa magurudumu ya mbele na ya nyuma. Kirungu kidogo kina nafasi nne: 2H (magurudumu ya nyuma tu), 4H (yote manne), 4HLc (yote manne, difu ya kati imefungwa) na 4LLc (kama 4HLc, lakini kwa gia nzito ya polepole). Naandika kila jioni ya kazi, kabla kumbukumbu haijapoa, ili mwenye gari la aina hii akisikia mlio kama wangu asilazimike kuanzia nilipoanzia mimi.

Jumamosi, 23 Machi 2024

Nimempelekea mama tende, unga na sukari, Mlalo. Kutoka Tanga hadi Mombo hakuna neno. Likapanda Soni mpaka Lushoto vizuri kabisa. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha, na baada ya Magamba nikafika kwenye kilima cha udongo mwekundu uliolowa, ule unaoteleza kama sabuni. Nikavuta kirungu hadi 4HLc, gia ya pili, nikakanyaga mafuta.

Kaa! Pigo moja zito chini ya viti, kama mtu kapiga chesisi kwa nyundo. Nikaachia mafuta, kimya. Nikakanyaga tena, kaa-kaa-kaa, na kila pigo linakuja na mshtuko, gari linasita halafu linaruka mbele. Nikajaribu 4LLc nikidhani nguvu zaidi itasaidia. Ikawa mbaya zaidi. Taa za kijani za magurudumu manne kwenye dashibodi zimewaka zote, hazipepesi.

Nikarudisha 2H. Kimya kabisa. Kilima nilikimaliza kwa 2H na vijana sita wakisukuma, Mungu awalipe, wote wamefunga. Mama alikuwa amesikia kutoka uani. "Mwanangu, hilo gari linalia kama mfupa uliochomoka." Nimemuahidi nitarudi kwa Idd na watoto, kwa gari hilihili. Idd ni wiki mbili na nusu kutoka leo.

Jumapili, 24 Machi

Nimeteremka kwa 2H. Njiani nilisimama kwenye gereji moja ya barabarani. Fundi alisikiliza maelezo yangu dakika mbili, hakuinama chini ya gari, akasema giaboksi imekufa pamoja na transfa, ninunue seti nzima ya mtumba kwa 2,200,000. Nikamshukuru nikaondoka.

Nimefikiria njia nzima kuanzia Mombo hadi Muheza, na hoja yangu ni hii. Kwenye 2H nguvu ya injini inapita kwenye klachi ileile, gia zilezile za giaboksi, inatokea nyuma ya transfa na kwenda difu ya nyuma. Kama jino la gia limevunjika, litapiga kelele kwenye 2H vilevile. Gari langu kwenye 2H ni kimya. Basi kila kinachofanya kazi kwenye 2H hakina kosa, na mshitakiwa yuko kwenye vile vinavyobeba mzigo pale tu ninapoita magurudumu ya mbele: mnyororo wa transfa, propela ya mbele (shafti inayotoka transfa kwenda difu ya mbele) na krosi zake, yaani viungo vya ncha zake, difu ya mbele, kile kifungio cha ekseli ya mbele kinachoendeshwa kwa upepo wa vakyumu, na joiti za ekseli.

Kifungio nakiondoa kwa sababu ya taa. Kikishindwa kushika, taa za mbele hupepesa. Zangu zimetulia. Wamebaki wanne.

Jumanne, 26 Machi

Nimepata ruhusa kazini saa tisa. Nimekwenda kwa fundi wangu wa siku zote, Chumbageni, mzee aliyenifundisha hata kushika spana.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba, mwanangu. Umeniletea nini leo, na mimi nimefunga?"

Tukakubaliana tusifungue kitu chochote kabla ya kupima. Jaribio lenyewe ni rahisi na linahitaji chaki tu. Gari kwenye sakafu iliyo sawa, breki ya mkono imevutwa, kabari nyuma na mbele ya magurudumu ya nyuma. Mbele tumelipandisha kwa jeki tukaweka stendi mbili, magurudumu yote mawili ya mbele yananing'inia. Giaboksi kwenye nyutro, kirungu kidogo kwenye 4HLc. Hapo difu ya kati imefungwa, kwa hiyo propela ya mbele na ya nyuma zinapaswa kuwa kama kitu kimoja. Kinachoziunganisha ni mnyororo.

Nimechora mstari wa chaki kwenye flanji ya propela ya mbele na mwingine kwenye bodi ya transfa. Kijana wa gereji alilala nyuma akaiangalia propela ya nyuma. Nikaizungusha ya mbele kwa mkono. Ikaenda, ikaenda, ndipo ikagota. Tumepima karibu digrii 25 za uwazi kabla kijana hajasema, "Sasa ya nyuma imetikisika." Jirani mmoja ana Pajero kama yangu, akakubali tulipime la kwake kwa dakika kumi. Halikufika digrii 6.

Krosi za propela ya mbele hazichezi. Mipira ya joiti za ekseli haijapasuka na grisi imo. Tumemwaga kidogo mafuta ya difu ya mbele kwenye kopo jeupe: yamezeeka lakini hayana chembe.

Fundi alinikatalia jaribio moja nililotaka, la kuvua propela ya nyuma na kuendesha kwa mbele peke yake ili mlio ujitokeze wazi. "Mnyororo ukikatika ndani ya boksi," akasema, "unatoboa ukuta. Hapo ndipo utanunua seti nzima kweli." Amesema kweli.

Alhamisi, 28 Machi

Leo mafuta ya transfa. Tahadhari ambayo fundi aliirudia mara mbili: fungua kwanza nati ya kujazia, ile ya juu, ndipo ufungue ya kumwagia. Ukimwaga kwanza halafu ya juu ikagoma, gari haliwezi kutembea na huwezi kulijaza.

Yametoka ya kijivu, yanametameta kama maji yenye rangi ya fedha. Yalikuwa pungufu pia. Karibu nusu lita haikuwepo. Kwenye sumaku ya nati kulikuwa na uji mweusi mzito na vijisindano vichache vya chuma.

Kilichonishika ni ule mng'ao. Nimepitisha sumaku kubwa ndani ya kopo mara nyingi. Uji mweusi ulinasa. Mng'ao ulibaki ukielea, haukuvutwa. Chuma huvutwa na sumaku, aluminiamu haivutwi. Na ndani ya transfa kitu cha aluminiamu ni kimoja, nacho ni bodi lenyewe. Maana yake kuna kitu cha chuma kinachokwangua ukuta wa boksi kwa ndani, na chenye kulegea hadi kuufikia ukuta ni mnyororo peke yake. Boksi halijafunguliwa bado, na nimekwisha kujua.

Ijumaa, 29 Machi

Sikukuu ya Ijumaa Kuu, ofisi zimefungwa. Nimempigia muuza spea Gerezani, Dar. Mnyororo mpya upo, atautuma kwa basi. Nimempa aina ya gari, mwaka na injini. Nimelipa 380,000.

Nikiwa na nafasi, nimeshughulikia swali linaloniuma zaidi ya mlio: kwa nini umekufa? Minyororo hii huishi miaka mingi. Mwaka jana nilinunua matairi mawili mapya, na duka lilikuwa na 265/70R15 tu. Nikayaweka nyuma, mbele nikaacha ya zamani, 235/75R15 yaliyolika. Leo nimechora chaki kwenye tairi na kwenye sakafu, nikasukuma gari mzunguko mmoja kamili, nikapima kwa futi kamba. Mbele mita 2.21. Nyuma mita 2.30.

Sentimita 9 zinaonekana ndogo. Fanya hesabu. Kutoka Mombo hadi Lushoto ni kama kilomita 33. Tairi la mbele litazunguka karibu mara 14,930, la nyuma karibu mara 14,350. Tofauti ni zaidi ya mizunguko 580, kwenda tu. Kwenye 4H tofauti hiyo inamezwa na difu ya kati, hiyo ndiyo kazi yake. Kwenye 4HLc difu ya kati imefungwa, propela mbili zinalazimishwa kwenda mwendo mmoja, na ile mizunguko lazima itokee mahali. Kwenye tope tairi linateleza kidogo na mambo yanakwisha. Kwenye lami kavu tairi halitaki kuteleza, kwa hiyo mvutano wote unakaa kwenye mnyororo, umekazwa kama kamba ya ng'ombe anayegoma.

Nami kona za Soni nimezipanda kwa 4HLc karibu kila safari. Aliyeniuzia gari aliniambia kule mlimani funga difu, gari linashika barabara. Nikamwamini. Hata matairi yangekuwa sawa, kwenye kona tu magurudumu ya mbele hupita njia ndefu kuliko ya nyuma, na zile kona hazihesabiki. Nimeumia kuliandika hili, lakini ndicho chanzo, pamoja na mafuta pungufu.

Jumamosi, 30 Machi, na Jumapili, 31 Machi

Siku mbili za kushusha. Kitabu cha gari kinataka giaboksi na transfa zishuke pamoja, kisha zitenganishwe chini, na tumefuata hivyo. Gereji ina shimo na tulikodi jeki ya giaboksi.

Betri kwanza. Vimevuliwa virungu viwili ndani ya gari, propela zote mbili (tumetia alama ya rangi flanji kwa flanji ili zirudi zilipokuwa), bomba la mbele la eksozi, stata, waya wa spidi na soketi zote za swichi. Silinda ndogo ya klachi tumeifungua bila kugusa bomba lake, tukaining'iniza pembeni kwa waya. Ukifungua bomba utaanza kutoa hewa na hiyo ni kazi nyingine. Kisha jeki chini ya giaboksi, ndipo boriti ya katikati inayoibeba ikafunguliwa. Bolti mbili za juu za kengele ya giaboksi, ile sehemu pana inayoungana na injini, zilikula saa nzima. Zinafikiwa kwa kuunganisha ekstensheni tatu kwa kupitia nyuma, giaboksi ikiwa imeinamishwa kidogo.

Kazi ya jioni baada ya futari ni tamu kuliko ya mchana. Wenyewe tumeshiba uji na mihogo, joto limepungua, taa imening'inizwa shimoni. Saa tano usiku wa Jumapili boksi likawa chini, zima.

Kwa kuwa klachi iko wazi, nimeiangalia. Sahani bado nene. Beringi ya kusukumia inaguna ukiizungusha kwa kidole, nitabadilisha. Sili ya nyuma ya injini kavu.

Jumatatu, 1 Aprili

Tumefungua. Kabla ya nati hata moja nimechukua trei mbili za mayai nikaandika namba kwenye kila kijishimo, na kila kilichotoka kikaingia kwenye kijishimo chake kwa mpangilio wa kutoka. Onyo kwa mwenye Pajero: chini ya swichi za transfa kuna gololi ndogo za chuma. Kijana alifungua swichi moja huku boksi limelala upande, gololi ikachuruzika ikaingia kwenye beseni la dizeli. Tuliipata kwa sumaku. Ukiipoteza bila kujua, boksi litafanya kazi lakini taa zitakudanganya, na utalilaumu boksi.

Kava la nyuma likatoka, kisha kile kifungio cha mafuta mazito kinachosaidia difu ya kati, kisha kava la mnyororo. Nao huo hapo. Nilipoubonyeza katikati kwa kidole gumba ulizama, ukaachia, ukalala upande wa pili. Kwenye ukuta wa boksi kuna mfereji unaong'aa, umechongwa na mgongo wa mnyororo, kina kama milimita 2. Ukuta wenyewe ni mnene, utavumilia. Ule ndio mng'ao wa Alhamisi.

Watu husema mnyororo "umevutika", hata mimi nilikuwa nasema hivyo. Nimekaa nao nusu saa nikauelewa. Huu si mnyororo wa baiskeli. Umeundwa kwa safu za sahani nyembamba za chuma zilizopangwa bega kwa bega, kila sahani ina meno yanayotazama ndani, na safu zimeunganishwa kwa pini. Hakuna sahani iliyorefuka. Kilicholika ni pini na matundu yake. Tuseme kila pini imepoteza sehemu moja ya kumi ya milimita, kiasi ambacho jicho halikioni. Zidisha kwa pini arobaini, una milimita 4 za urefu mpya. Na transfa haina kikazio. Sproketi mbili, yaani magurudumu ya meno yanayobeba mnyororo, zimekaa mahali pake, umbali haubadiliki. Kila kinachorefuka kinakuwa ulegevu. Mzigo ukija, upande mmoja unakazwa, upande wa pili unatuna, meno ya mnyororo yanapanda juu ya meno ya sproketi na kuruka moja. Lile "kaa!" ndilo hilo.

Nimeushika kwa ncha mbili, umelala ubavu hewani. Umepinda chini kama upinde. Mnyororo mzima hukaa karibu umenyooka ukiushika hivyo.

Sproketi ya juu ni nzima. Ya chini, inayopeleka nguvu mbele, ina meno yaliyoinama upande mmoja kama kucha za ndege. Hapo nilinyamaza. Nilikuwa nimenunua mnyororo tu. Fundi hakuwa na haja ya kusema. Mnyororo mpya kwenye meno yale utalika upesi, tutarudi shimoni kabla ya mwaka.

Nimempigia tena muuza spea. Sproketi mpya hana. Anayo transfa ya gari lililokatwa kwa ajili ya spea, atanitolea sproketi. Nimemwomba picha ya meno, karibu na mwanga, kabla sijalipa.

Jumatano, 3 Aprili

Kifurushi kimefika kituo cha mabasi saa kumi na mbili asubuhi. Mnyororo si wenyewe. Mwembamba kwa karibu milimita 6. Ni wa Pajero ya fo-wili ya kawaida, isiyo na difu ya kati, ya miaka hiyohiyo. Kosa ni langu kwa sehemu kubwa: mwaka na injini havitoshi. Niliagiza kabla ya kufungua.

Leo nimefanya nilichopaswa kufanya. Nimeupima wa zamani upana kwa kalipa, nimehesabu pini zote mara mbili huku nikitia nukta ya rangi pale nilipoanzia, nimeupiga picha juu ya rula. Nimemtumia vyote. Muuzaji ni muungwana, amekubali kubadilisha, mimi nalipia usafiri.

Siku saba zimebaki. Mke wangu ameuliza kwa upole kama tukate tiketi za basi la Lushoto. Nimemwambia tusubiri hadi Ijumaa.

Kutwa nzima tumeosha vipande kwa dizeli, tukavipuliza kwa kompresa. Hapa sikutaka haraka. Unga wa chuma ukibaki kwenye beringi moja, kazi yote ni bure. Beringi zote tumezizungusha zikiwa kavu, moja moja, tukizisikiliza. Moja ya shafti ya mbele ilikuwa na doa, tumeibadilisha, Tanga zipo. Sili zote mpya.

Ijumaa, 5 Aprili

Vimefika, na ni vyenyewe. Nimening'iniza minyororo miwili kwenye msumari mmoja, wa zamani na mpya, sambamba. Ule wa zamani umeshuka chini ya mpya kwa milimita 5. Nimempigia picha kijana akiwa ameweka kidole kwenye tofauti. Vyote vile, vijana sita kusukuma, mama kusikia kutoka uani, ni milimita 5 kwenye msumari.

Sproketi ya mtumba ina meno yaliyosimama. Nimepitisha ukucha kwenye kila moja.

Jumamosi, 6 Aprili

Kufunga. Mnyororo hauingii peke yake. Unaupanga kwenye sproketi zote mbili juu ya meza, kisha vitatu kwa pamoja vinashushwa kwenye shafti zake, sambamba, bila kimoja kutangulia. Fundi alishika juu, mimi chini, kijana akaweka mwanga. Mara mbili ulikwama, mara mbili tukautoa tukaanza upya. Fundi hajagusa nyundo kabisa kwenye hatua hii, na ningependa kila fundi kijana aone mikono yake pale: alitikisa, akasubiri, akatikisa, kikashuka chenyewe.

Kabla ya kufunika tumemwagia mnyororo mafuta mapya na kuuzungusha kwa mkono mizunguko ishirini. Gundi ya silikoni tumeipaka uzi mwembamba tu. Ile inayofurika ndani hukauka, ikakatika, ikaenda kuziba njia za mafuta. Gololi chini ya swichi, moja moja, kutoka kwenye trei. Mwisho wa kazi trei zote mbili zilikuwa tupu.

Jumapili, 7 Aprili

Siku ya Karume, gereji imefungwa kwa wateja, kwa hiyo tulikuwa na shimo peke yetu. Kupandisha kumechukua saa nne. Shafti ya giaboksi haikutaka kuingia kwenye sahani ya klachi. Dawa ni kuweka giaboksi kwenye gia na kuzungusha flanji ya nyuma polepole huku mtu anasukuma. Mifereji ya shafti na ya sahani ikikutana, boksi linaingia lenyewe hadi mwisho. Usivute kwa bolti kamwe. Niliona kengele ya giaboksi iliyopasuka kwa tabia hiyo.

Mafuta ya gia 75W-90 ya daraja GL-4, mpaka yakaanza kuchuruzika kwenye ukingo wa tundu la kujazia, gari likiwa limekaa sawa.

Kabla ya kushusha jeki tumerudia jaribio la chaki, vilevile kama mara ya kwanza. Digrii 5.

Jumatatu, 8 Aprili

Matairi kwanza. Manne, saizi moja, chapa moja, 265/70R15. Yamenigharimu zaidi ya mnyororo, na bado jumla ya kila kitu ni chini ya ile seti ya mtumba niliyotajiwa njiani.

Kisha nikaenda kwenye njia za mashamba ya mkonge upande wa Muheza, ambako mvua imeacha tope la kutosha. 4H, kimya. 4HLc kwenye tope, gia ya pili, nimekanyaga mpaka magurudumu yakarusha udongo. Kimya. 4LLc kwenye tuta la mfereji. Nilizima redio na kufungua madirisha yote mawili nisikie vizuri. Nilichosikia ni injini.

Nilisimama kuangalia chini. Hakuna tone.

Jumanne, 9 Aprili

Tumepanda. Watoto watatu, mke wangu, mkungu wa ndizi na kuku wawili. Mombo hadi Soni nimekwenda kwa 2H, kwa kuwa lami ilikuwa kavu. Soni ilianza kunyunya, nikaweka 4H, ambayo haifungi difu ya kati. Baada ya Magamba, kwenye kilima kilekile, nikavuta 4HLc na kwenda gia ya pili bila kusimama. Vijana wawili wa wale sita walikuwa wamekaa kando ya njia. Wakainua mikono, nami nikasimama juu ya kilima nikateremka kuwasalimu na kuwapa mkono wa Idd.

Kilima kilipokwisha nikarudisha kirungu. Nimeandika kwa rangi nyeupe kwenye kibao kidogo karibu na kirungu: 4HLc, TOPE TU. Mwanangu wa kwanza anajifunza kuendesha.

Jioni hii mwezi umeonekana. Mama alitusubiri mlangoni, akasema hakulisikia gari likija.

Jumamosi, 15 Juni

Kilomita 1,140 tangu kazi. Nimemwaga mafuta ya transfa ingawa bado mapya, kwa ajili ya kuangalia. Rangi ya asali. Sumaku ina utando mwembamba wa kijivu, laini ukiusugua kati ya vidole, bila kisindano hata kimoja. Ni meno mapya yanazoeana. Mafuta nimeyaweka kwenye kopo jeupe juani, nikalizungusha taratibu, nikautafuta ule mng'ao wa fedha. Haupo. Nimejaza mengine na kufunga nati.